Shajara ya mradi: kumsoma Wollstonecraft kwa Kiswahili barazani Ngamiani, Tanga

Shajara hii ni ya kikundi cha watu kumi na wanne tulioamua kusoma, kwa Kiswahili na kwa sauti, baadhi ya maandishi ya kale ya falsafa pamoja na yale ya mwanzo yaliyodai haki za wanawake. Tunakutana Jumamosi baada ya alasiri, kwenye baraza ya nyumba moja Ngamiani. Ninaiandika kwa ajili ya yeyote atakayetaka kufanya kama sisi, ndiyo maana yaliyokwenda vizuri nimeyapitia haraka na yaliyotuharibikia nimeyaeleza kwa kirefu. Mimi ni mwalimu wa Kiswahili wa sekondari, falsafa sikuisomea.

7 Septemba 2024: Tulipoanzia, na kwa nini hapakufaa

Tulianza na kitabu cha Mwingereza Mary Wollstonecraft cha mwaka 1792, ambacho sisi tunakiita Utetezi wa Haki za Mwanamke. Waandishi wa namna hii wamekufa zamani na kazi zao haziko tena chini ya hakimiliki, kwa hiyo mtu huzipakua bure kwenye intaneti na gharama inayobaki ni ya karatasi. Nilichapisha sura ya pili kwa Kiingereza chake, kurasa 24 pande mbili, nikaipeleka steshenari itolewe kopi 14 kwa shilingi 100 kila upande. Nilidaiwa shilingi 16,800, nami nikafurahi badala ya kushtuka, maana hesabu sahihi ilikuwa 33,600. Kijana alikuwa ametoa kopi za upande wa mbele tu.

Kosa la kijana lilisameheka. Lililonitia aibu ni letu. Tulisoma karibu saa nzima tukiruka kutoka ukurasa wa kwanza kwenda wa tatu, na kutoka wa tatu kwenda wa tano, sentensi zikikatika katikati, na hakuna aliyesema neno. Nilipogundua na kuuliza kwa nini wote walinyamaza, mkunga mstaafu, ambaye ndiye mkubwa wetu kwa umri, alijibu: «Mwalimu, mimi nilidhani falsafa ndivyo ilivyo.» Wengine wakakiri kwamba nao walidhani hivyohivyo, na kila mmoja alikuwa amejilaumu kimoyomoyo kwa kutoelewa. Tangu siku hiyo tumeweka kanuni kwamba asiyeelewa husimamisha usomaji papo hapo, na yeyote atakayemcheka ndiye atakayelipia kahawa ya wiki ijayo. Kahawa imeshalipwa mara mbili.

Pande zilizokosekana zilitolewa kopi wiki iliyofuata kwa shilingi 16,800 nyingine, lakini ndipo kasoro kubwa zaidi ikaonekana. Kiingereza cha karne ya 18 kiliwafanya watatu wazungumze na kumi na mmoja wasikilize. Zaidi ya hapo, Wollstonecraft hasemi peke yake, bali anajibizana na watu: kitabu amemwelekezea mwanasiasa Talleyrand, aliyekuwa ametoa ripoti ya elimu huko Ufaransa mwaka 1791, na kila baada ya kurasa chache humrudia mwanafalsafa Rousseau kumsuta. Ukimsoma bila kuwasoma anaowajibu, unakuwa kama uliyekaa karibu na mtu anayegombana kwa simu, unayasikia majibu bila kujua aliulizwa nini. Tuliamua kurudi nyuma na kufuata mpangilio huu: Plato wa Ugiriki ya kale, Rousseau, Wollstonecraft, kisha John Stuart Mill, Mwingereza wa karne ya 19, na vyote kwa Kiswahili.

5 Oktoba 2024: Programu ya kutafsiri na neno fadhila

Njia iliyoonekana rahisi ilikuwa programu ya simu ya kutafsiri. Kwa bando la shilingi 5,000 nilipata kurasa arobaini usiku mmoja, nikachapisha nakala tano kwa shilingi 20,000. Sentensi fupi zilisomeka, na siwezi kusema kwamba programu haikunisaidia hata kidogo. Kilichoharibika ni maneno machache ambayo ndiyo yaliyobeba hoja nzima.

Wollstonecraft ana neno analolirudia mno, lenye maana ya ubora wa tabia ambao mtu huupata kwa kufikiri na kuamua mwenyewe. Programu iliandika «fadhila» kila mahali. Ustadhi wa madrasa aliye nasi aliitetea, akasema kwamba kwa wanazuoni fadhila ni ubora wa nafsi, na hilo ni kweli. Lakini barazani Tanga fadhila ni hisani, jambo unalotendewa likakudai shukrani, na za punda sote tunazijua. Kwa hiyo pale anaposema kwamba ni bure kutarajia ubora huo kwa wanawake mpaka wawe, kwa kiasi fulani, hawawategemei wanaume, ilisikika kana kwamba anasema wanawake wasio na kipato ni wachoyo. Fundi cherehani wetu alikasirika waziwazi: «Mama yangu hakuwa na senti, na hakuna aliyebisha hodi kwake akaondoka mikono mitupu.» Alisema kweli tupu, ila alikuwa anamjibu mtu ambaye hakusema hivyo, na aliyewagombanisha ni mimi na simu yangu.

Tulijaribu «wema», likawa laini mno, na «maadili», likawa orodha ya makatazo. Mwishowe tulichukua «adili», neno ambalo Shaaban Robert, mwenyeji wa Vibambani hapo kusini ya mji, alilipenda na kulipa uzito. «Haki» nayo ilitusumbua, kwa sababu kwa Plato ni sifa ya mji na ya nafsi na kwa Wollstonecraft ni kitu ambacho mtu anakidai. Tulikubaliana kwamba ya Plato isimame peke yake, na ya Wollstonecraft iwe na mwenyewe daima: haki ya fulani, haki za fulani. «Akili» tuliiacha kama ilivyo, tukaiwekea kitenzi «kupima» kila ilipowezekana, ili isidhaniwe kuwa ni ujanja.

Kurasa arobaini zilitupwa. Tangu hapo tunatafsiri kwa mkono vifungu tulivyochagua, watu watatu, kurasa nne kwa wiki: mimi, ustadhi, na mwanachuo mmoja ambaye Kiingereza chake ni kizuri kuliko changu.

2 Novemba 2024: Plato, mbwa na fundi viatu

Katika kitabu, yaani sehemu, cha tano cha Jamhuri ya Plato, Socrates, mwalimu wake anayesema humo, anauliza kama mbwa wa kike wanaolinda kundi huachwa nyumbani kwa sababu wanazaa, au wao pia hulinda na kuwinda pamoja na wa kiume; na kama kazi ni moja, basi malezi nayo yawe mamoja. Mimi niliona kwamba mbwa watakwaza baraza iliyojaa Waislamu, nikaamua bila kumuuliza mtu kuweka punda jike na punda dume wanaobeba mzigo ulio sawa.

Haikuchukua dakika kumi kabla ya mwanachuo kuuliza: «Sasa huyu punda analinda nini?» Sikuwa na jibu. Hoja yote imejengwa juu ya ulinzi, kwani katika kitabu cha pili Plato ameshamfananisha mlinzi wa mji na mbwa mzuri, mpole kwa anaowajua na mkali kwa wageni, na punda wangu alikuwa ameikata kamba iliyounganisha sehemu hizo mbili. Ustadhi, ambaye ndiye niliyedhani atakwazika, alicheka mpaka akashika ubavu, akanieleza kwamba mbwa wa kulinda na wa kuwinda wana hukumu yao katika fiqhi, wanajulikana, na kwamba nimwache mzee wa watu aseme alichosema. Mbwa wakarudi. Anayetaka kuiga mradi huu namshauri asimsahihishe mwandishi kwa niaba ya wasikilizaji kabla ya kuwauliza.

Mfano wa pili haukuhitaji kuguswa. Socrates anasema kwamba kama tofauti yoyote ya maumbile inatosha kumzuia mtu kazi, basi wenye vipara wakiwa mafundi viatu, wenye nywele wakatazwe kushona viatu. Ng'ambo ya barabara, mbele ya baraza yetu, hukaa fundi viatu ambaye ana kipara hasa. Aliitwa atoe ushahidi, akasikiliza swali akiwa ameshika kandambili ya mtu, akajibu kwamba kiatu hushonwa kwa msharasi na hajawahi kuona unywele ukitoboa soli. Akarudi kwenye kazi yake. Nusu saa niliyokuwa nimeitenga kwa ajili ya kufafanua kifungu hicho ikabaki bila kazi.

Plato hakutoka salama kabisa, kwa kuwa katika kitabu hichohicho anakubali kwamba mwanamke ni dhaifu zaidi katika kila kazi, na wasomaji wetu hawakumwachia hilo. Hapo ustadhi akaleta jambo ambalo halikuwa kwenye ratiba: Ibn Rushd, mwanafalsafa wa Cordoba, aliyefariki mwaka 1198, aliifafanua Jamhuri kwa sababu kitabu cha Siasa cha Aristotle hakikumfikia, na alipofika hapa akaongeza lake, kwamba katika miji ya zama zake wanawake wamewekwa kwa ajili ya kuzaa na kulea tu mpaka wakawa kama mimea, na kwamba hiyo ni mojawapo ya sababu za umaskini wa miji hiyo. Ustadhi alitamani kuisoma kwa Kiarabu cha mwenyewe, lakini asili ya Kiarabu ilipotea na iliyobaki ni tafsiri ya Kiebrania, kwa hiyo tulimsoma Mwislamu wa Andalusia kwa Kiswahili kilichotoka kwenye Kiingereza kilichotoka kwenye Kiebrania. Kifungu hicho kimeingia kwenye kijitabu chetu.

30 Novemba 2024: Rousseau anawageuka wasikilizaji

Émile, kitabu cha Rousseau juu ya malezi cha mwaka 1762, ni kinene; tulichukua vifungu vya vitabu vinne vya kwanza kwa Jumamosi mbili na cha tano kwa Jumamosi ya tatu. Mwanzoni mambo yalikwenda vizuri kupita kiasi. Mtoto aachwe ajifunze kwa vitu kabla ya maneno, asikaririshwe asichokielewa, ajifunze useremala hata kama baba yake ni tajiri, kwani mali huondoka na ufundi hubaki. Wasichana wawili wa kidato cha sita, waliokuwa wamechoshwa na kukariri, walipiga makofi. Mmoja alisema kwamba angepewa mwalimu huyu na useremala huo angekuwa tayari injinia.

Kisha tukafika kitabu cha tano, anapoingia msichana Sophie, na Rousseau akaeleza kwamba elimu yote ya mwanamke ipimwe kwa mwanamume: awapendeze, awafae, awalee wakiwa wadogo na awatunze wakiwa wakubwa. Baraza ilinyamaza. Yule msichana wa useremala alifunga karatasi zake, akauliza: «Mtu gani huyu anabadilika hivi?» Niliandika katika daftari kwamba Rousseau anajipinga mwenyewe, nikaendelea. Naacha maandishi hayo yalivyo, ingawa sasa najua kwamba aliyewadanganya wasichana wale hakuwa Rousseau.

11 Januari 2025: Wollstonecraft, mara ya pili

Tumebaki tisa. Wawili wamehama kikazi, mmoja amejifungua, wawili wamechoka na wamesema hivyo wazi, jambo ambalo nalithamini. Safari hii kitabu kimefunguka. Tulipofika kwenye ulinganisho wake wa wanawake na wanajeshi, kwamba wote wawili hufundishwa adabu za nje kabla ya adili na matokeo huwa yaleyale ingawa jinsia si moja, hakuna aliyehitaji maelezo, kwa sababu tulikuwa tumeshamsikia anayejibiwa. Godwin, mumewe, aliandika kwamba kitabu kilimchukua wiki sita kukiandika. Sisi baada ya miezi minne tulikuwa ndiyo kwanza tunakielewa.

Palipotuchukua muda ni mahali pawili.

Kwanza ni cherehani. Katika sura ya nne Wollstonecraft analalamika kwamba ushonaji hufinya akili za wanawake kuliko kazi nyingine, kwa kuwa huwafunga wasifikiri ila miili yao na mapambo, na katika sura ya kumi na mbili, anapopanga shule ya bure ya wavulana na wasichana, matajiri na maskini, kuanzia miaka mitano hadi tisa, wale wanaotarajiwa kufanya kazi za mikono huhamishiwa baadaye shule nyingine, ambako wasichana hushona kila alasiri. Fundi wetu alisikiliza hadi mwisho, kisha akaomba kusema. Alisema kwamba mama huyu hajawahi kukata kitambaa cha mita mbili na nusu kitoe gauni la mtu wa mita tatu, maana angejua kwamba hiyo ni hesabu. Kwamba cherehani ndiyo iliyomfanya yeye asimtegemee mwanamume, jambo ambalo mama huyuhuyu amelitaka. Na kwamba angependa kujua nguo aliyovaa wakati anaandika ilishonwa na nani. Mwanachuo alijaribu kueleza kwamba lawama ni kwa wanawake wa tabaka la juu wanaojipamba, na kwamba mwandishi mwenyewe amesema anayeshonea familia yake anatimiza wajibu. Hoja hiyo ni sahihi, tumeiweka pembeni mwa ukurasa, lakini fundi hakuridhika na mimi sioni kwamba analazimika kuridhika.

Pili ni kifo chake. Nilikuwa nimeandaa maelezo mafupi ya maisha, ya kupitia haraka: alizaliwa London mwaka 1759; katika sura ya tisa alitaka wanawake wasome tiba wawe matabibu, wasibaki wauguzi tu; na uzazi wake wa mwisho ulipofika alimwita mkunga mwanamke. Mtoto, ambaye baadaye alikuwa Mary Shelley mtunzi wa riwaya, alizaliwa salama tarehe 30 Agosti 1797. Kondo la nyuma halikutoka. Daktari akaitwa, akaliondoa kwa mkono vipande vipande, homa ikaingia, na tarehe 10 Septemba mama akafa akiwa na miaka 38.

Nilikuwa nimeshageuza karatasi. Mkunga mstaafu alivua miwani akauliza: «Alinawa?»

Nilimweleza kwamba wakati huo madaktari wengi hawakujua. Kwamba daktari Semmelweis alikuja kuonyesha faida ya kunawa kule Vienna mwaka 1847, miaka hamsini baadaye. Alitikisa kichwa kama anayesikia habari za mgonjwa aliyemjua. Kisha akanyoosha mkono wa kulia, vidole vimekusanywa kama anayepitisha bangili finyu, akatuonyesha jinsi kondo linavyobanduliwa kwa ubavu wa kiganja, taratibu, bila kuvuta, mkono wa kushoto ukiwa juu ya tumbo kulishikilia, na akasema kwamba ukitoa vipande vipande hujui kilichobaki ndani, na kinachobaki ndani ndicho kinachoua. Wanaume watatu waliokuwepo walitazama sakafu. «Huyu mwanangu,» akasema, akimaanisha Wollstonecraft, «alikuwa na mkunga mzuri. Mkunga alijua kazi yake imefika mwisho akaita msaada. Msaada ndio uliokuja na mikono michafu.» Hatukusoma zaidi siku hiyo.

15 Februari 2025: Neno mtu

Hapa ndipo penye kosa kubwa la mradi mzima, na nitalieleza kama lilivyotokea.

Mill aliandika kitabu chake juu ya kutawaliwa kwa wanawake mwaka 1860 na 1861, akakichapisha 1869. Kinawahusu wasomaji wa hapa kuliko inavyodhaniwa, kwani Mwalimu Nyerere alipokuwa mwanafunzi Makerere aliandika insha akizitumia hoja za Mill kupima hali ya wanawake katika makabila yetu. Ili kuonyesha kwamba Mill hakuishia kuandika, niliweka aya moja juu ya bunge la Uingereza: mwaka 1867, muswada wa upigaji kura ulipojadiliwa, Mill alipendekeza neno moja libadilishwe, na pendekezo likashindwa kwa kura 196 dhidi ya 73. Mwanachuo alisoma aya yangu kwa sauti: «Mill alipendekeza kwamba neno mtu liondolewe, na badala yake liwekwe neno mtu.»

Alisoma tena, taratibu. Halafu wote wakanigeukia.

Lugha ya Mill ilikuwa na neno moja lenye maana ya mwanamume na pia, likitaka, ya binadamu, na jingine lisilo na jinsia. Katika tafsiri yote nilikuwa nimeyaita yote mawili «mtu», kwa sababu ndivyo Kiswahili kinavyotiririka, na kwa sababu kiambishi chetu cha «a-» hakiulizi kama anayetenda ni wa kike au wa kiume. Sheria iliyokuwa inawazuia wanawake kupiga kura nilikuwa nimeifungua mimi kwa kalamu, bila kura hata moja.

Mwanachuo aliona fahari, akasema kwamba basi Kiswahili kimewatangulia, kwani kwetu mtu ni mtu. Fundi cherehani hakumpa nafasi: «Kwenye daftari mtu hana jinsia, sawa. Nikisema hapa anatakiwa mtu wa kufagia baraza, utainuka wewe?» Hakuinuka. Tulijaribu sentensi nyingine hapohapo, moja moja. Anatafutwa mtu wa kuswalisha. Anatafutwa mtu wa kukaa na mgonjwa usiku. Mzee ameacha mtu wa kumrithi. Kila sentensi sote tulijua ni nani anayesemwa, ingawa hakuna neno lililomtaja.

Ndipo nilipomkumbuka msichana wa useremala. Nilirudi nyumbani nikafungua vifungu vya Émile, na ilikuwa kama nilivyohofu: mwandishi alikuwa akimzungumzia mvulana tangu ukurasa wa kwanza, na mimi nilikuwa nimeandika «mtoto» na «mtu» mpaka kitabu cha nne. Rousseau hakubadilika alipofika kwa Sophie. Mimi ndiye niliyewakaribisha wasichana kwenye nyumba ambayo mwenyewe hakuwaalika, na kitabu cha tano kikawatoa nje.

12 Aprili 2025: Masahihisho, na radhi tano

Mwezi wa Ramadhani hatukukutana. Nilitumia usiku baada ya tarawehe kupitia kila «mtu», «mtoto» na «mwanadamu» katika kurasa zetu nikilinganisha na maandishi ya asili. Kanuni tuliyoifikia inaweza kuchukuliwa na yeyote: mwandishi akimaanisha mwanamume, iandikwe mwanamume au mvulana hata kama sentensi itakwaruza sikio, akimaanisha wote, ibaki mtu, na pale ambapo yeye mwenyewe anajificha nyuma ya neno lenye maana mbili, ibaki mtu yenye nyota pembeni, ili wasomaji wabishane. Nyota nyingi zimeangukia kwa Rousseau. Wollstonecraft ana chache, kwa kuwa yeye amezoea kutaja anayemsema. Kurasa 20 zilizosahihishwa zilitolewa kopi kwa watu tisa kwa shilingi 18,000.

Tuliposoma upya, mkunga alipinga jambo moja. Hakutaka tafsiri ya kwanza itupwe, kwa maelezo kwamba siku ile wasichana walipopiga makofi walimsikia Rousseau kama Wollstonecraft alivyotamani aandike. Nimeweka nakala moja ya tafsiri yenye makosa nyuma ya daftari la kikundi, na juu yake nimeandika kwamba ni yenye makosa.

Siku hiyohiyo tulisoma Utenzi wa Mwana Kupona, wasia wa mama mgonjwa wa Pate kwa binti yake, uliotungwa karibu mwaka 1858, yaani miaka miwili tu kabla Mill hajaanza kuandika. Nilitegemea kazi rahisi ya kulinganisha: huku utiifu, kule uhuru. Haikuwa hivyo. Ni kweli binti anaambiwa atafute radhi tano, za Mungu, Mtume, baba, mama na mume, na ya mume inasisitizwa mno. Lakini mama huyohuyo anamwambia binti amtunze mume kama mtoto asiyejua kunena, na hapo wanawake wa barazani walitazamana kwa namna ambayo wanaume hawakuielewa. Wollstonecraft angekasirika, kwa kuwa anachokilaani zaidi ni mwanamke kutawala kwa hila badala ya kuwa sawa kwa haki. Fundi aliuliza kama mgonjwa wa Pate mwaka 1858 alikuwa na kipi kingine cha kumwachia binti yake. Ustadhi akaonyesha kwamba mwishoni Mwana Kupona anawaita wanawake wote wausome utenzi na waelewe maana yake, na kwamba anayeamini mwanamke hapaswi kusoma hawezi kuandika ubeti huo. Ubishi haukwisha, tumeuandika pande zote mbili.

10 Mei 2025: Kushona kijitabu

Vifungu vyote pamoja na maelezo vimefikia kurasa 64, karatasi 16 zikikunjwa katikati, nakala 20 kwa shilingi 3,200 kila moja: jumla 64,000. Kupanga kurasa ili zikikunjwa zifuatane kulinishinda mara mbili; mwisho nilikunja karatasi tupu 16, nikazipa namba kwa penseli moja baada ya nyingine, kisha nikazifungua na kufuata namba zilivyokaa. Nashauri kila mtu aanze hivyo.

Steshenari walitaka shilingi 2,000 kwa kila nakala kwa kujalidi, na hela hiyo hatukuwa nayo. Fundi cherehani alisema vitabu ni nguo yenye pindo moja, aletewe. Tukajaribu kwanza uzi wa katani, kwa sababu huu ni mji wa mkonge na ilionekana inapendeza. Ulikuwa mnene, ukajisokota chini ya bamba na kukwama. Uzi wa jinzi ulipita, lakini sindano ya kawaida ilivunjika kwenye nakala ya kwanza, na ya namba 18 ikavunjika kwenye ya tatu. Suluhisho lilitoka ng'ambo ya barabara: fundi viatu alitoboa kila nakala kwa msharasi, matundu yenye nafasi sawa kwenye mkunjo, ndipo fundi cherehani akapitisha sindano kwenye matundu hayo akizungusha gurudumu kwa mkono bila kukanyaga, mshono mrefu kuliko wote ambao mashine inaweza. Jalada ni manila ya kijani. Alipofika kwenye nakala yenye sura ya nne iliyofunguka mbele yake, alisoma mistari miwili, akaguna, akaendelea kushona.

Hesabu ya mradi hadi leo ni hii: kopi za mwanzo 33,600, programu na kurasa zilizotupwa 25,000, kopi za kila wiki kuanzia Novemba hadi Februari 71,400, masahihisho 18,000, kijitabu 64,000, manila 6,000, sindano sita 3,000, uzi 2,000. Jumla ni shilingi 223,000, na kati yake 43,000, karibu moja ya tano, ni gharama ya makosa yangu. Kahawa haimo.

Nakala kumi na tisa zimekamilika. Ya ishirini imetobolewa lakini haijashonwa, kwa sababu sindano ya sita ilivunjika saa kumi na moja na nusu jioni na duka la vifaa vya cherehani lilikuwa limeshafungwa.